Kangaga Mlangoni

Kwa waraka wa tarehe tisa Machi 1998, uliopigwa mihuri miwili na kusainiwa mara mbili na mtu yule yule, kwa kuwa katibu alikuwa hajateuliwa, Kamati ya Majina ya Mimea iliwatangazia wananchi wote wa Visiwa vya Ngazija kwamba taifa ni moja, ardhi ni moja, na mvua inayoinyeshea ni moja. Kwa hiyo kila mmea uotao juu ya ardhi hiyo utakuwa na jina moja na maana moja, na majina mengine yote, pamoja na matumizi yake, yatahesabiwa kuwa mazoea yaliyopitwa na wakati. Waraka uliagiza orodha kamili iwe tayari kabla ya mwaka kwisha. Uliagiza pia nakala zipelekwe kila kisiwa, agizo lililotekelezwa mji mkuu, Moroni, tu. Kisiwa cha Nzuani kilikuwa kimejitangaza kuwa nchi mbali tangu Agosti ya mwaka uliotangulia, na askari waliotumwa Septemba kwenda kuirudisha walirudi wachache kuliko walivyokwenda. Tarishi hakuwa na haraka ya kufuata njia yao.

Kazi ya kukusanya majina alipewa karani mmoja aitwaye Idarousse, mtu wa makamo, mwembamba, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi upande wa sikio la kushoto. Alizaliwa Patsy, kijiji cha mlimani juu ya Mutsamudu, mji wa Nzuani, lakini alikuwa ameishi Moroni miaka ishirini na alijua kuandika ripoti bila kuudhi mtu. Kwa kuwa kwenda Nzuani kulikuwa hakuwezekani, aliamua kuwatafuta watu wa Nzuani waliokuwa Moroni, akiamini kwamba mtu husafiri na mimea yake kichwani. Siku alipofika kwenye mmea ambao Waswahili huuita kangaga, jani lile lenye meno mengi linaloota penye unyevu na penye moto uliokwisha, aliambiwa aende nyumba ya nyuma ya soko, kwa Bahia.

Bahia alikuwa mwosha maiti wa kike. Alikuwa na umri wa miaka thelathini na minne, mikono mipana, na tabia ya kusikiliza bila kumwangalia mtu usoni, kwa sababu wateja wake hawakuwa wakiangalia. Alimkaribisha karani barazani, akampa chai, akamwonyesha gunia la makangaga mabichi lililokuwa pembeni likinyunyiziwa maji asubuhi na jioni kama mtoto mwenye homa.

Alimweleza. Chumba cha kuoshea kina ufuo, mfereji uliochimbwa sakafuni chini ya kitanda, na ufuo una tundu linalotoa maji ukutani hadi uchochoroni. Makangaga hulazwa ndani ya ufuo, tabaka tatu. Kazi yake ni moja: kunyamazisha maji. Wafiwa hukaa nyuma ya pazia, na sauti ya maji yanayoanguka kutoka mwilini mwa mama si ya mtoto wake kuisikia. Jina ambalo waosha maiti wa mtaa ule walilipa jani hilo, ukilifasiri, ni kinyamaza maji. Makangaga yaliyobaki hutandazwa kizingitini. Yakiwa kizingitini na maiti ni mwanamke, hakuna mwanamume atakayevuka, awe jirani, awe askari, awe mwizi.

Idarousse aliandika yote kwa penseli. Kisha akauliza habari ya Nzuani, na hapo Bahia akamwita mumewe.

Moinaidi alikuwa kuli wa bandarini, mzaliwa wa Mutsamudu, mabega kama mlango wa ghala, na mbele mdomoni alikosa meno mawili. Alicheka kabla ya kuanza. Kwao, alisema, kangaga ni njia ya bwana harusi. Siku mwanamume anapoingia nyumbani kwa mkewe, ndugu za mke hutandaza makangaga kutoka uchochoroni mpaka kizingitini, naye huyakanyaga akiingia. Basi wiki yake ya kwanza Moroni, miaka kumi na miwili nyuma, aliona makangaga mlangoni kwa watu asiowajua. Mtu mwenye adabu hapiti harusi bila kusalimu. Alivaa kofia yake mpya, akanunua peremende pakiti nzima, akavuka kizingiti akiwapongeza wenye nyumba kwa sauti ya bandarini. Ndani mlikuwa na mama wa watu akioshwa. Ndugu watano wa marehemu walimpokea wote kwa pamoja, na meno yale mawili yalibaki pale. Aliyemwokoa alikuwa mwosha maiti, aliyetoka mikono ikichuruzika maji, akamtazama yule mtu chini na zile peremende zilizotawanyika, akawaambia wale ndugu wamwache, kwa maana alikotoka inaonekana watu huoa.

"Nikamwoa huyo huyo," alisema Moinaidi. "Meno mawili, mahari ya bei nafuu."

Idarousse hakucheka. Alikuwa na mstari mmoja wa jina na mstari mmoja wa maana. Alimwuliza Bahia ipi ni ya kweli.

"Andika zote mbili."

"Waraka unataka moja, bweni," alisema, kwa neno la Visiwani la kumheshimu mwanamke.

"Basi waambie hao wenye waraka waje wafe kwanza, halafu waolewe, ndipo wachague."

Akamwuliza kama analo jina la tatu, maana alikuwa amesikia kwamba yeye ni Sabena. Ndivyo walivyoitwa watu wa Visiwa waliorudishwa kutoka mji wa Majunga, ng'ambo ya bahari, mwaka 1977, kwa jina la ndege iliyowaleta. Bahia alisema kwao lilikuwa jani tu. Hilo halikuwa kweli. Alikuwa na miaka kumi na miwili siku zile tatu za Desemba iliyotangulia ambapo watu wa Majunga waliwachinja majirani zao wa kutoka Visiwani kwa mapanga, nyumba kwa nyumba, na mama yake alitupwa shimoni pamoja na wengine bila kuoshwa. Waliwamwagia chokaa. Chokaa ilipokwisha, mtu mmoja mwenye huruma alikata makangaga ya kando ya barabara, ambayo kule huitwa ampanga, akawafunika nayo. Bahia aliona. Kila maiti aliyemwosha tangu hapo alimwosha mara moja zaidi ya inavyotakiwa, na hakuna aliyewahi kumwuliza sababu.

Idarousse aliacha safu ya jina wazi, kwa muda, akashukuru chai na kuondoka.

Mwaka ukapita. Mwishoni mwa Aprili 1999 wajumbe wa Visiwa walikutana Antananarivo kumaliza ugomvi, wakapatana katika kila jambo isipokuwa saini za Nzuani. Habari ilifika Moroni asubuhi. Mawe na matairi yalifika barabarani kabla ya adhuhuri. Vijana ambao kwa miaka hawakuwa na kazi walipata kazi siku moja: kusimamisha watu, kutazama vitambulisho, na kila aliyeandikwa kuwa amezaliwa Nzuani kumwonyesha njia ya kurudi kwao, kuanzia kichwani.

Siku ya pili, kupitia nondo za dirisha, Bahia alimwona mshona mapazia wa mtaa wa pili, mtu wa Nzuani aliyewashonea wote mapazia kwa mkopo, akiburutwa mpaka kwenye kona. Walimpiga kwa zamu na kwa utaratibu, kama watu wanaotwanga. Alipoacha kupiga kelele walidhani amekiri. Mmoja alimgeuza kwa mguu, akasema huyu ameshafika Mutsamudu, wakacheka, wakaenda kunawa kwenye bomba la msikiti.

Kiongozi wa kona ile alikuwa Kamal, kijana wa miaka ishirini na minne, jirani wa ukuta kwa ukuta. Miaka minne nyuma mama yake, Rahamatou, alioshwa na Bahia katika chumba kile kile. Kamal alikaa nyuma ya pazia saa nzima, hakusikia tone, na baadaye alikuja kumbusu Bahia mkono akamwambia kwamba deni lile halilipiki. Sasa alikuwa na kipande cha nondo cha urefu wa mkono na nusu, na alikuwa akilipa madeni mengine. Alijua vizuri kwamba Moinaidi yumo ndani. Alikuwa akimwacha kwa mwisho, kama mtu anavyoacha nyama pembeni ya sahani.

Moinaidi alitaka kutoka apigane. Alisema anaweza kuwaangusha watatu.

"Wako kumi na tano," alisema Bahia. "Watakaobaki ni kumi na wawili. Lala kitandani."

Kitanda alichokusudia kilikuwa kile cha kuoshea.

Mpango ulihitaji maiti wa kike, na maiti akapatikana. Batoul, bibi mzee mpangaji wa chumba cha uani, Sabena mwenzake asiye na mume wala mtoto, alikuwa ameshaponea Majunga, na kufa mchana mmoja hakukumtisha. Alitoa sharti moja tu, kwamba birika libaki naye. Walimficha nyuma ya kuni, na birika, na tasbihi. Bahia akavunja gunia lake la makangaga. Tabaka tatu ufuoni, na yote yaliyobaki kizingitini, kiganja kizima cha unene. Moinaidi akalala juu ya mbao, magoti yamekunjwa, akafunikwa sanda tatu zilizolowa. Batoul alikuwa mwanamke mdogo kama kuku wa masika. Aliyelala pale alionekana kuwa amenenepa sana baada ya kufa.

Walikuja wakiwa kumi na tano. Waliyaona makangaga wakasimama, wa nyuma wakiwagonga wa mbele.

"Nani, bweni?" aliuliza Kamal kutoka nje.

"Batoul. Alfajiri. Shusha sauti, pana maiti."

Kamal akasema sisi ni wa Mungu na kwake tutarejea, na wote wakarudia. Mmoja mwenye panga alivua kofia. Kisha Kamal akauliza, kwa sauti ya chini kama alivyoagizwa, Moinaidi yuko wapi. Bahia akamjibu kwamba yuko bandarini kama kila siku, na kama anataka jasho la bure, aende. Mtu wa nyuma akasema Batoul alionekana jana magharibi akinunua muhogo. Mwingine akamjibu kwamba kununua muhogo si hati ya kuishi. Pakawa na ubishi kidogo wa kitaalamu. Kamal alitazama makangaga, kisha akatazama mlango.

"Mila ni mila," alisema. "Siingii."

"Uishi, mwanangu."

Hakuingia. Aliheshimu mila mpaka mwisho. Alizunguka upande wa uchochoroni, kwenye dirisha dogo lenye pazia, akasimama karibu na tundu la ufuo, akapenyeza nondo peke yake.

"Maiti haumii," alisema, kama anayeomba radhi mapema.

Mara ya kwanza ilipiga ubao. Mara ya pili ilichana sanda, ikapita kati ya mkono na mbavu. Mara ya tatu Bahia aliiona ikiingia juu ya goti la mumewe, ikasimama kwenye mfupa, ikazungushwa. Moinaidi aliuma kitambaa. Mshipa wa shingo yake ulisimama kama kamba ya nanga, lakini hakutoa sauti, na damu ikaanza kushuka pembeni mwa ubao kwa wingi ambao Bahia, katika kazi yake yote, alikuwa hajauona, kwa kuwa wateja wake hawatoki damu.

Alimimina maji. Alisoma Yasini kwa sauti ile ile ya kila siku. Damu na maji vilikwenda pamoja ufuoni, na ufuo ulikwenda tunduni, na nje ya tundu vilikuwepo viatu vya Kamal. Bahia aliyasukuma makangaga kwa mguu mpaka kwenye tundu. Akaongeza ya tabaka la juu. Akapiga magoti, akayashindilia kwa mikono yote miwili, huku akisoma, na majani yale yakanywa. Damu ilidondoka juu yake bila kulia. Kama ungekaa nyuma ya pazia usingejua kwamba kuna kitu kinachoanguka.

Kwa nje yalitoka matone machache, rangi ya chai hafifu. Kamal aliinama akayatazama.

"Majani hayo," alisema Bahia bila kuulizwa. "Yakiwa mabichi hutoa rangi."

Nondo ikatoka, ikipita katika sanda tatu zilizolowa na pazia moja, na kila kimoja kikaifuta kiasi chake. Kamal aliikagua. Ilikuwa safi kuliko ilivyoingia.

Akarudi mlangoni, sasa akiwa na aibu ya kweli, na hapo mpango wa Bahia ukaanza kuharibika kwa sababu ya wema. Kamal alisema Batoul hana watoto, na maiti asiye na watu ni wa mtaa mzima. Wao watambeba. Bahia alisema hakuna haja. Kamal alisema haja ipo, ni faradhi. Wenzake waliunga mkono. Hapakuwa na hata mmoja aliyetaka kuonekana mbele ya wenziwe kuwa anakwepa thawabu. Ikambidi Bahia afikiri haraka. Akasema Batoul ana jamaa Ikoni, na jamaa hao wameleta gari, lakini gari limekwama barabara ya bandarini kwa sababu ya mawe yao wao. Kwa hiyo wamfikishe huko tu, kwenye ghala la kwanza.

Alimfunga Moinaidi paja kwa vitambaa vitano na makangaga mawili, akamfunika tena, na jeneza la mtaa likaletwa, lile la wanawake, lenye matao na kitambaa cha kijani.

Vijana kumi na tano walimbeba mtu waliyekuja kumwua. Walilalamika njiani kwamba marehemu ni mzito, na mmoja akaeleza kwamba uzito wa maiti ni dhambi zake, wakamsikitikia Batoul. Vizuizi vitatu viliondolewa kwa ajili yao. Katika cha pili alikuwepo mtu amepigishwa magoti, mikono imefungwa kwa waya, uso haujulikani. Waliokuwa wakimpiga waliweka fimbo chini, wakasoma fatiha, na mmoja wao akaomba zamu. Alibeba hatua arobaini kwa ajili ya akhera yake, akashukuru, akarudi kazini.

Bahia alitembea nyuma ya jeneza, macho chini, akitazama kama kuna kinachodondoka. Hakikudondoka kitu. Makangaga yaliendelea kunywa.

Kwenye ghala waliliweka chini. Kamal aliwaondoa wenzake, akabaki peke yake, akakuna shingo.

"Nisamehe, bweni. Ile nondo. Ilikuwa wasiwasi tu."

"Usiniombe mimi. Mwombe mwenyewe."

Kamal akachuchumaa kando ya jeneza, akaweka mkono juu ya kitambaa cha kijani, akamwomba Batoul radhi kwa jina lake na kwa haki ya jirani. Alisubiri kidogo. Kimya cha jeneza alikichukua kuwa msamaha, akaondoka kifua kimetulia.

Jioni ile meli ya mizigo ilijaa watu wa Nzuani, waliokaa juu ya mabegi, juu ya magodoro, na juu ya wenzao. Redio ya nahodha ilikuwa ikitangaza kwamba hali ni shwari na kwamba raia wachache wameamua kusafiri. Moinaidi aliwekwa juu ya magunia ya mchele. Mtu aliyelala kando yake, kichwa kimefungwa shati, miwani imebaki kioo kimoja, alikuwa amekumbatia jalada la makaratasi. Bahia alimtambua kwa lile jalada. Idarousse alikuwa amewaonyesha vijana wa kizuizi cha barabarani kitambulisho chake cha kazi, chenye muhuri wa serikali ya Moroni, na wao walikuwa wamesoma mstari wa mahali pa kuzaliwa.

Mutsamudu walipokelewa na Nouria, dada yake Moinaidi, mjane mwenye sauti, katika nyumba yake ya mawe kwenye uchochoro ambao watu wawili wakipishana mmoja hugeuka ubavu. Nouria alimbusu kaka yake, akamtazama Bahia, akasema karibu. Aliisema ile karibu jinsi mtu anavyolipa ushuru. Mtaani walimwita Bahia Mngazija, mtu wa kisiwa cha Moroni. Moroni alikuwa Sabena, na Majunga alikuwa mgeni. Kila alikofika alipewa jina la kule alikofukuzwa.

Hospitali ilikuwa na kitanda. Dawa haikuwa nayo, kwa kuwa nchi ile mpya ilikuwa na bendera kwanza. Paja likavimba, likawa jeusi, likaanza kunuka. Siku ya kumi Moinaidi aliacha kula. Siku ya kumi na moja, asubuhi, akili ilimrudi, akamwita mkewe karibu.

"Dada yangu ana masikio," alisema. "Niwekee majani yako."

"Kwenu yana maana nyingine. Watanivunja."

"Basi niache. Lakini Nouria akiyasikia yale maji, atayasikia mpaka kufa kwake."

Akafa adhuhuri.

Hilo ndilo lililokuwa limebaki mikononi mwa Bahia: mume aliyebebwa akiwa hai kama maiti, sasa maiti kweli, na ombi moja. Kwa dini, mke anaweza kumwosha mumewe, na hapo Nouria hakuwa na la kusema. Bahia alimwomba amchimbie ufuo chumbani, akajifunga kaniki, akapanda njia ya Patsy. Idarousse alikuwa amerudi kwa mama yake kule. Alimwonyesha korongo lenye makangaga bila kuuliza kitu, akamkatia mzigo kwa kisu cha mama yake, akamtwika.

Alipoingia mjini, mzigo wa kijani kichwani, wanawake milangoni walitazamana. Mjane wa saa tatu, mgeni wa kutoka Moroni, anapeleka nyumbani majani ya kupitia bwana harusi. Kwenye mdomo wa uchochoro walikaa vijana wanne wenye bunduki, walinzi wa uhuru wa Nzuani kwa sehemu ile ya mji.

"Hongera," alisema mmoja. "Bwana harusi nani?"

"Jeshi la Moroni," alisema wa pili. "Linarudi lote, linaingia kwa huyu."

Bahia aliendelea kutembea. Kitako cha bunduki kilimpata kati ya mabega, mzigo ukaanguka, naye juu yake. Alipigwa mateke kwenye mbavu. Alipoyakumbatia majani, mmoja alimkanyaga mkono wa kushoto kwa buti, akasimama hapo na uzito wake wote, na vidole viwili vikavunjika kwa sauti ya vijiti. Nouria alitoka kwa kelele zile. Walimwambia wifi yake analeta nini. Alivua ndara, akampiga nayo usoni, mara ya kwanza mpaka ya saba, akamshika nywele.

"Kaka yangu bado ana joto. Unamtandikia nani njia?"

Bahia alitema damu pembeni, isiangukie majani.

"Ni yeye kaniagiza, wifi."

"Kaagiza nini?"

"Usisikie."

Nouria hakuelewa, lakini mkono ulishuka. Mtu anayedanganya husema mengi kuliko hayo. Vijana walichoka kwa kuwa yule waliyempiga hakuwa akilia. Bahia aliyaokota makangaga, jani baada ya jani, kwa mkono mmoja, akaingia.

Kwa desturi ya Mutsamudu wafiwa hukaa nyuma ya pazia wakisubiri kata ya kwanza ya maji, na maji yakianguka ndipo kilio kinapoanza. Nouria alikaa na shoga zake saba, leso mikononi. Walisubiri. Hapakusikika kitu. Shoga mmoja alisema labda maji yamekatika. Mwingine alisema Mngazija ameshindwa kazi. Nouria alivumilia mpaka akashindwa, akainuka kwa hasira kubwa kuliko ya uchochoroni, akalivuta pazia.

Moinaidi alikuwa ameshaoshwa mara nne, ameshatiwa kafuri, sanda imefungwa mpaka kifuani. Bahia alikuwa akimfunga kwa mkono mzima, vidole vitatu na meno. Chini ya kitanda ufuo ulikuwa wa kijani, umejaa mpaka ukingoni, umetulia.

"Umemwosha na nini?" aliuliza Nouria.

"Na maji."

Nouria akakaa sakafuni. Baada ya muda akainuka, akachukua makangaga yaliyobaki pembeni, akayatandaza kizingitini mwenyewe, watu wote wa uchochoro wakimtazama.

Bahia hakurudi Moroni. Mwaka ule na uliofuata wenye bunduki wa Mutsamudu walikosana wenyewe kwa wenyewe zaidi ya mara moja, na mama zao, mmoja baada ya mwingine, walipita juu ya kitanda chake. Aliwaosha wawili kati ya waliowazaa wale wanne wa uchochoroni, kila mmoja mara moja zaidi ya inavyotakiwa. Vidole vilipona vikiwa vimepinda. Siku hizi mtu wa Mutsamudu akiona makangaga mlangoni husimama kwanza na kuuliza kabla hajatoa hongera, na wenye harusi wengine wameanza kutandaza majani ya migomba. Batoul, kwa upande wake, alikaa nyuma ya kuni siku nne, akahamia mji wa Ntsoudjini usiku asije akafufuka mbele ya watu, na anasemekana kumwombea Kamal, aliyekuwa mtu pekee kuomba radhi kwenye maziko yake.

Orodha ya Kamati ilichapishwa hatimaye, Visiwa viliporudiana kwa karatasi, ikiwa na waraka wa mwaka 1998 ukurasa wa mbele, mihuri yote miwili. Kangaga limo. Safu ya jina haina kitu. Chini yake, kwa herufi ndogo, imeelezwa kuwa karani mhusika alisafiri.